Watangulizi wa Mbelembele

Nchi ninayoisimulia haipo, kwa hiyo msomaji asihangaike kuitafuta kwenye ramani, hasa ramani ya kwao. Inaitwa Jamhuri ya Mbelembele. Raia wake ni Wambelembele, na lugha yao, kama ulivyokwisha kukisia, ni Kimbelembele. Ni watu wapole wanaopenda mno kupishana mlangoni. Wawili wakikutana kizingitini wanaweza kusimama hapo mpaka ugali upoe. "Tangulia, bwana." "Aa, tangulia wewe." "Haiwezekani, wewe mkubwa wangu, tangulia." Kwao hiyo ndiyo adabu, na mtoto asiyeijua huulizwa kama amelelewa na mbuzi.

Magharibi ya nchi hiyo palikuwa na pori kubwa lisilokaliwa na mtu. Wazee wa zamani walikuwa na sababu za kutokaa huko, lakini zilikuwa sababu za mdomo tu, hazina mhuri, na Serikali haikuzitambua. Siku ya sikukuu ya taifa Mtukufu Kiongozi alisimama jukwaani, akanyoosha mkono kule jua linakozama, akanguruma:

"Ndugu wananchi! Jua letu, jua la taifa hili, kila siku linakwenda magharibi. Mmewahi kuliona linakataa? Mmewahi kulisikia linauliza maswali? Sasa sisi ni nani hata tubaki nyuma?"

Wananchi walipiga makofi nusu saa nzima, maana milango ya uwanja ilikuwa imefungwa kwa nje.

Ikaundwa Wizara ya Machweo na Makazi Mapya. Wizara nayo ikaunda Baraza la Maneno Mazuri, litafute jina la watu watakaopelekwa huko. Baraza lilikaa miezi saba. Neno "wahamiaji" lilikataliwa kwa sababu linakumbusha kwamba mtu ametoka mahali. "Walowezi" lilikataliwa kwa sababu lilikwisha kuchafuliwa na wageni. Mwishowe wajumbe wawili walikwama mlangoni wakienda kunywa chai, mmoja akamwambia mwenzake, "Tangulia, mzee," na Baraza zima likapiga meza kwa furaha. Watu hao wataitwa Watangulizi. Barua ya kuwajulisha jamaa zao ikatungwa palepale, sentensi moja, ikapigwa chapa nakala laki mbili: *Tunayo furaha kukujulisha kwamba ndugu yako ametangulia.*

Kama alikuwepo mjumbe aliyekumbuka kwamba Wambelembele hulitumia neno hilohilo wakimtaja marehemu, hakusema. Kikao kilikuwa kimeshafungwa kwa wimbo wa taifa.

*

Nakala moja ya barua hiyo ilifika kijiji cha Isolelo, nyumbani kwa mfinyanzi mmoja aitwaye Nyamizi. Mumewe, Kahema, alikuwa ameondoka na lori la kwanza miezi minane iliyopita. Hakwenda kwa upumbavu. Shamba lao lilikuwa limechoka, watoto walikuwa wawili na walikuwa wakikua, na Wizara ilikuwa imeahidi kila Mtangulizi ekari kumi. Asubuhi ya kuondoka Kahema alikalisha msumari kwenye makaa ya tanuri la mkewe, akachoma vitone vinne kwenye mpini wa jembe lake jipya. "Mimi, wewe, na hawa wawili," alisema. "Kila nikishika jembe ninawashika nyote." Nyamizi alimcheka, akamwambia huyo mke wa pili wa chuma asije akamsahaulisha wa kwanza.

Sasa alikuwa ameshika barua, mikono ina udongo mpaka kwenye viwiko.

"Inasemaje?" aliuliza mama mkwe wake, Bi Wande.

"Inasema Kahema ametangulia."

Bi Wande alitupa mikono kichwani, akaanza kupiga ukunga, kisha akauzuia katikati. "Hebu ngoja kwanza. Imesema 'tunayo furaha'?"

"Ndivyo ilivyosema, mama."

"Furaha ya nini, basi?"

Habari nayo ilikuwa imekwisha kuruka ua. Saa moja baadaye majirani walianza kuingia. Nusu yao walileta kuni za matanga. Nusu ya pili walileta kuku wa kusherehekea ekari kumi. Wakaketi pande mbili za uwanja wakitazamana, upande mmoja ukilia kwa sauti ndogo na upande wa pili ukipiga vigelegele kwa sauti ndogo, ujirani usije ukavunjika. Nyamizi alikaa katikati kwenye kigoda asijue ageukie wapi. Moyo ulimuuma kwa namna ambayo hakuijua jina. Kama Kahema amekufa, alistahili kuliliwa na mkewe, na kama yu hai, kumlilia ni kumwita mauti. Mtu hawezi kulia nusu.

Kesho yake alinawa mikono, akaenda wilayani.

*

Afisa Mtangulishi wa Wilaya aliitwa Bwana Fungameza. Alikuwa na meza tatu, na alikaa kwenye ile iliyo mbali zaidi na mlango.

"Shikamoo, mheshimiwa."

"Marahaba, mama. Hongera."

"Ndilo nililokuja kuuliza, mheshimiwa. Ni hongera, au ni pole?"

"Barua si umeisoma?"

"Nimeisoma. Inasema mume wangu ametangulia."

"Basi, ametangulia."

"Wapi?"

"Mbele."

"Mbele ipi, mheshimiwa? Mbele huko porini, au mbele ya haki?"

Bwana Fungameza alivua miwani, akaifuta taratibu, akaivaa tena. "Mama, nikufundishe jambo moja, na usilisahau. Neno la mtaani lina maana mbili, tatu, hata kumi, kwa sababu halina mwenyewe. Neno la Serikali lina maana moja tu, na maana hiyo inatunzwa Wizarani. Mimi mwenyewe, pamoja na cheo changu, sijawahi kuiona."

"Sasa nitajuaje kama mume wangu yu hai?"

"Anayetaka habari za Watangulizi hujaza Fomu ya Kutangulia, akaenda akajionea." Akamsukumia karatasi.

Swali la kwanza liliuliza: *Je, unatangulia kwa hiari?* Majibu yalikuwa mawili, *Ndiyo* na *Ndiyo sana.* Swali la pili liliuliza jina la atakayepokea barua. Nyamizi aliandika Bi Wande, kisha akagundua kwamba nyuma ya fomu ilikuwa imebanwa karatasi nyingine, tayari ina mhuri na sahihi. *Tunayo furaha kukujulisha kwamba ndugu yako ametangulia.*

"Lakini hata sijaondoka, mheshimiwa."

"Tunaokoa muda," alisema Bwana Fungameza, akatabasamu kwa upole wa kweli.

*

Nyamizi aliwaacha watoto kwa Bi Wande. Hakuwaambia anakwenda kufanya nini. Aliwaambia anakwenda kumwita baba yao, na alijisikia vibaya kusema hivyo, kwa sababu hakujua kama baba yao anaitika.

Kwenye uwanja wa wilaya palikuwa na lori moja, Watangulizi arobaini, na lundo la majembe mapya. Bwana Fungameza aliyaita mapya, na vyuma kweli vilikuwa vimepakwa rangi ya kijani iliyokuwa bado inanuka. Lakini mfinyanzi husoma vitu kwa viganja. Nyamizi alishika mpini wa kwanza akaukuta laini pale mkono wa kulia unapokaa. Akashika wa pili, ukawa laini mahali palepale. Akaanza kuyapekua moja moja, watu wakamnung'unikia kwamba anachagua kama yuko gulioni. La ishirini na mbili lilikuwa limeparuzwa kwa kisu, lakini msumari wa moto huzama kuliko kisu. Vitone vinne vilikuwepo.

Akaenda nalo mpaka mbele ya Bwana Fungameza. "Hili ni la mume wangu."

"Haiwezekani. Jembe ni jipya."

"Mheshimiwa, ni yeye aliyelichoma, mbele yangu. Mwenyewe yuko wapi?"

Bwana Fungameza alifikiri kidogo. "Amepandishwa cheo," akasema. "Walioendelea wamepewa matrekta. Majembe tumewarudishia mnaoanza. Furahi, mama, mumeo anaendesha trekta!"

Umati ukashangilia. Nyamizi alilikumbatia jembe. Alijua ni uongo, tena alitamani uwe kweli, na kwa siku mbili za safari alijaribu kumwona Kahema juu ya trekta, na kila mara trekta lilikosa sauti.

*

Dereva aliitwa Ngoso. Lile joto halikumzuia kuvaa shati la mikono mirefu, glavu na soksi mbili mbili, na vioo vya lori alivipandisha mpaka juu. Nyamizi alikaa naye mbele, kwa kuwa nyuma palikuwa pamejaa bendera.

"Kaka, umekuja huku mara ngapi?"

"Hii ya kumi na moja."

"Ukirudi unabeba nini?"

Ngoso alibadili gia. "Mimi, dada yangu, kazi yangu nyepesi. Nakwenda na watu, narudi na majembe."

"Na watu?"

"Hao hawamo kwenye karatasi yangu ya kurudia." Akaongeza, "Funga kioo vizuri. Inzi wameanza."

Wakati huo walikuwa wameingia porini, na inzi wakubwa wa kijivu walikuwa wakigonga vioo. Nyamizi aliwajua. Hata kwao Isolelo, ambako hawafiki, mama hutishia watoto kwa jina lao.

"Si mbung'o hawa?"

"Ssh! Jina hilo limefutwa. Kuna waraka." Aliutoa kwenye kisanduku cha mbele akamkabidhi. Waraka ulieleza kwamba kuanzia tarehe iliyotajwa, mbung'o ataitwa *inzi mkaribishaji*, kwa kuwa ndiye mwenyeji wa kwanza kumpokea Mtangulizi, na kwamba ugonjwa wa malale hautambuliwi tena, isipokuwa kama *usingizi mnono utokanao na hewa safi.*

Kandokando ya njia kulikuwa na ubao mkubwa: KARIBU MAGHARIBI. JUA LIMELALA HAPA, NAWE LALA. Nyuma ya lori Watangulizi walikuwa wakiimba, na katikati ya wimbo mtu mmojammoja alisikika akijipiga kofi la shingo.

*

Makao Makuu ya Makazi Mapya yalikuwa kibanda cha mabati. Ndani, nyuma ya meza, alikaa Mkuu wa Kituo, kichwa kimeegemea daftari, mhuri mkononi.

"Hodi," alisema Nyamizi.

Mkuu wa Kituo hakujibu. Alikuwa akipumua, lakini kwa mbali, na buibui alikuwa amefunga uzi kati ya sikio lake na kikombe cha chai.

"Ana wiki ya tano," Ngoso alinong'ona. "Wizarani wanamsifu sana. Wanasema tangu ashike kituo hajaleta lalamiko hata moja."

"Barua anaandika nani, basi?"

"Dada, barua si zilikwisha kuandikwa?"

Nyuma ya kibanda ndiko kulikokuwa na kijiji. Kilipangwa vizuri, lazima nikiri, pengine kuliko kijiji chochote cha Mbelembele. Mistari ilinyooka. Kila kiwanja kilikuwa na kigingi chenye namba, na mbele ya kila kigingi palikuwa na tuta refu kiasi cha mtu. Nyumba zenye paa zilikuwa tatu tu, na barazani walikaa watu saba au wanane, macho nusu, wakingoja zamu yao. Walioweza kusimama walikuwa wamewazika waliolala. Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi ya majembe huku, na ndiyo iliyolainisha mipini.

Nyamizi alitembea akisoma namba. Kwenye kigingi cha themanini na nane, chini ya namba, mtu aliyekuwa bado na nguvu ya kuandika alikuwa ameandika kwa mkaa: *Kahema. Alikuwa akisema ana mke mmoja na watoto wawili, hata usingizini.*

"Hodi," alisema Nyamizi.

Alisema kwa mazoea tu, kama mtu asemavyo mlangoni kwake mwenyewe akirudi kutoka sokoni. Akangoja. Katika miaka tisa ya ndoa hakuwahi kukosa kuitikiwa. Akasema hodi ya pili, na kwa kuwa Wambelembele hupiga hodi mara tatu kabla ya kuondoka, akasema na ya tatu. Kisha akapiga magoti na kulaza jembe juu ya tuta. Akashindwa kulia, maana waliopaswa kulia naye walikuwa mbali, pande mbili za uwanja.

Aliporudi kwenye lori, jembe amelibeba tena, aliwakuta wenzake wamekwisha kutandika. "Jamani, turudini," aliwaambia. "Yale si matuta ya viazi. Nendeni mkasome vigingi." Walimsikiliza kwa heshima. Baadhi walikwenda wakasoma, wakarudi kimya. Lakini safari ilikuwa imewachosha, na kope zao zilikuwa nzito mno kwa mchana ule, wakasema jambo kubwa namna hii si la kuamua kwa pupa, wataamua wakishaamka. Mmoja baada ya mwingine wakajilaza kivulini. Nyamizi aliwaamsha wawili watatu kwa kuwavuta mikono, wakatabasamu na kulala tena.

"Nirudishe," alimwambia Ngoso.

"Siwezi, dada. Sheria inasema lori halirudi na mtu. Linarudi na majembe." Akamwonyesha karatasi. *Majembe: arobaini.* "Wakihesabu wakakuta mtu, mimi ndiye nitakayetangulizwa."

Nyamizi aliitazama karatasi, akamtazama Ngoso.

"Basi niandike jembe," akasema.

*

Bwana Fungameza alihesabu mwenyewe mzigo uliorudi. Alipofika mwisho alimkuta Nyamizi ameketi juu ya mipini, jembe la vitone vinne mapajani.

"Mama! Wewe umetangulia. Barua yako nimeipeleka jana."

"Nimerudi, mheshimiwa."

Bwana Fungameza alipekua Kamusi ya Wizara. Neno "rudi" lilikuwa limeondolewa tangu mwaka juzi. Akaitazama karatasi ya Ngoso, iliyosema *majembe arobaini na moja*, akashusha pumzi ya mtu aliyeokolewa, akatia sahihi.

"Kahema amekufa, mheshimiwa. Na wengine wote. Hakuna trekta."

"Siwezi kuzungumza na jembe," alisema Bwana Fungameza, akaenda zake haraka.

Nyumbani majirani walikuwa wamekwisha kukusanyika kwa ajili ya barua ya pili, pande mbili kama mara ya kwanza, huku wamelegea kwa kukosa uhakika. Walipomwona akiingia na jembe begani, upande wa matanga ulipiga mayowe na upande wa vigelegele ulinyamaza. Watoto walimkimbilia. Mkubwa alichungulia nyuma yake kuona kama kuna mwingine anayekuja. Nyamizi aliwakumbatia, kisha akatandika mkeka upande wa matanga, akalilaza jembe juu yake na kulifunika kwa kanga yake ya harusi mpaka kwenye chuma.

"Ametangulia," akasema, na safari hii kila mtu alijua ni maana ipi.

Bi Wande aliumalizia ule ukunga alioukatisha. Mmoja mmoja, wale wa upande wa vigelegele waliinuka, wakavuka uwanja, wakaketi. Jioni mgambo alifika kukumbusha kwamba ni marufuku kumfanyia matanga Mtangulizi. Akaambiwa haya ni matanga ya jembe. Aliitafuta sheria ya jembe akaikosa, naye pia akaketi. Watu walipita wakiushika mpini, wakagusa mahali palipolainika, wakatazama mikono yao wenyewe. Nyamizi alilia siku tatu, kilio kizima.

*

Wiki ya pili lori lilirudi Isolelo. Safari hii lilikuja na askari wawili wenye bunduki, maana Wizara ilikuwa imesikia kwamba hiari imepungua. Lundo la majembe lilishushwa, rangi ya kijani haijakauka. Bwana Fungameza alipanda kwenye ubao wa mlango wa lori, akashika kipaza sauti, akasoma amri: ni kosa kukataa, ni kosa kuuliza, ni kosa kurudi nyuma hata hatua moja. Injini ilikuwa ikinguruma.

"Lugendo Masele!"

Lugendo, mwashi wa kijiji, alitoka mbele. Hakukataa, hakuuliza. Akaokota jembe, akapitisha kiganja kwenye mpini polepole mpaka pale palipolainika, akasimama. Kisha akaliinua kwa mikono miwili, kama inavyopasa kumpa mkubwa kitu, akainama kidogo.

"Tangulia, mheshimiwa," akasema.

Bwana Fungameza alicheka kidogo. "Holo Mabula!"

Holo naye aliokota jembe, akaushika mpini, akaliinua kwa mikono miwili. "Siwezi kukupita, mheshimiwa. Tangulia."

Akaitwa wa tatu, na wa nne, na wa saba. Hakuna aliyerudi nyuma hata hatua moja. Walikuwa wakimpisha tu, kama walivyofundishwa utotoni, na majembe yalizidi kuinuliwa mpaka yakalizunguka lile lori. Askari walitazamana. Katika amri yote hapakuwa na mstari unaokataza adabu. Mmoja wao, aliyekuwa karibu zaidi na mlango, aliufungua, akasogea pembeni kumpa nafasi.

"Tangulia, mkuu," alisema askari.

Bwana Fungameza alitazama ndani ya lori, akaitazama barabara iendayo magharibi. Jasho lilimtoka. Kipaza sauti kilikuwa bado mdomoni mwake, kwa hiyo kijiji kizima kilimsikia.

"Mimi? Hapana, jamani... mimi bado nina watoto wadogo!"

Injini ikazimika, au dereva aliizima. Nyamizi alipita katikati ya watu, jembe mkononi, mpaka chini ya ubao aliosimama Bwana Fungameza, akamwinulia mpini usawa wa macho.

"Kahema naye alikuwa nao, mheshimiwa," akasema. "Wawili. Aliwaandika hapa."